Grace Fryer: Mchora saa aliyedai haki huku sumu ikimla mifupa

KILA mfanyakazi anayekabidhiwa glavu na kipimo cha mionzi kabla ya kuingia kazini anadaiwa deni ambalo pengine halijui. Sehemu ya deni hilo ni la binti mmoja wa New Jersey, Marekani, aliyefariki dunia mwaka 1933 akiwa na umri wa miaka 34, mgongo wake ukiwa umevunjika na taya lake likiwa limeliwa na sumu aliyoimeza kwa maelekezo ya waajiri wake.

Binti huyo ni Grace Fryer. Hakuwa mwanasiasa wala msomi mwenye shahada nyingi. Alikuwa mfanyakazi wa kawaida wa kiwandani, na baadaye karani wa benki, lakini kesi aliyoiongoza yeye na wenzake wanne iliibua swali ambalo viwanda vingi havikupenda kuulizwa: je, mwajiri anaweza kukwepa lawama kwa sababu tu sumu yake inaua polepole?

Grace alizaliwa mwaka 1899 na kukulia katika mji wa Orange, katika familia kubwa. Baba yake alikuwa mwakilishi katika chama cha wafanyakazi maseremala, hivyo mazungumzo kuhusu ujira na haki za mfanyakazi hayakuwa mageni nyumbani kwao. Marekani ilipoingia katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia mwaka 1917, ndugu zake wa kiume walikwenda vitani. Grace, aliyekuwa na umri wa miaka 18, naye alitamani kuwa na mchango wake.

Nafasi hiyo aliipata mjini kwao. Kampuni iliyoitwa Radium Luminous Material Corporation, ambayo mwaka 1921 ilibadili jina na kuwa United States Radium Corporation, ilikuwa ikitafuta wasichana wa kuchora tarakimu kwenye nyuso za saa na vipimo vya ndege kwa rangi inayong'aa gizani. Askari waliokuwa katika mahandaki ya Ulaya walizihitaji saa hizo ili wasome wakati usiku bila kuwasha mwanga.

Kazi ile ilionekana kuwa ya heshima. Malipo yalitegemea idadi ya saa ambazo msichana alizimaliza, na mwenye mkono mwepesi aliweza kuchora takriban saa 250 kwa siku na kupata fedha nyingi kuliko wenzake wa viwanda vingine. Dada alimwita mdogo wake, rafiki alimwita rafiki, na baada ya muda vyumba vya kiwanda kile vilijaa mabinti wa familia za mji huo.

Dawa ya kila ugonjwa

Rangi waliyoitumia ilichanganywa kwa unga wa radiamu, salfaidi ya zinki, gundi na maji. Radiamu ilikuwa imegunduliwa mwaka 1898 na Marie Curie na mumewe, Pierre, mjini Paris, na kufikia wakati huo ilikwisha kujengewa sifa za ajabu. Madaktari waliitumia kuchoma uvimbe wa saratani, na wafanyabiashara wakaitia katika maji ya kunywa na vipodozi wakidai inarejesha nguvu na ujana.

Bei yake ilikuwa ya kutisha. Mwaka 1921 wanawake wa Marekani walichanga dola 100,000 ili kumnunulia Marie Curie gramu moja tu ya radiamu, ambayo alikabidhiwa na Rais Warren Harding. Kwa muda mrefu madini yake yalichimbwa Colorado, hadi mwaka 1922 radiamu iliyotokana na mawe ya Shinkolobwe, katika jimbo la Katanga nchini Kongo, ilipoingia sokoni na kushusha bei duniani kote. Kwa namna hiyo jasho la wachimbaji wa Kiafrika, waliokuwa chini ya ukoloni wa Ubelgiji, liliingia katika biashara hiyo hiyo iliyowaangamiza mabinti wa Marekani.

Tarakimu za saa zilikuwa nyembamba mno, na burashi iliyotumika ilikuwa na nywele chache za ngamia ambazo zilitawanyika baada ya michirizo michache. Ili kuirudisha katika ncha, wasichana walifundishwa kuiweka kati ya midomo, kisha kuichovya katika rangi na kuendelea kuchora. Waliirudia hatua hiyo mara nyingi kwa siku, na kila mara walimeza chembe kidogo ya radiamu.

Wapo waliouliza kama rangi ile ilikuwa na madhara, nao wakajibiwa kuwa haina. Wengine kwa furaha ya ujana waliipaka kwenye kucha na hata kwenye meno kabla ya kwenda dansini. Grace mwenyewe alishangaa kuona kwamba alipopenga kamasi, leso yake iling'aa gizani. Jioni waliporejea nyumbani, nywele na nguo zao zilitoa mwanga.

Hali katika maabara ya kampuni hiyo hiyo ilikuwa tofauti. Wakemia walioshughulika na radiamu walijikinga kwa vizuizi vya risasi na kuishika kwa koleo. Siku moja Dk. Sabin von Sochocky, mtaalamu aliyeibuni rangi hiyo na mmoja wa waanzilishi wa kampuni, alipita karibu na meza ya Grace na kumtahadharisha asiitie burashi mdomoni kwa kuwa ingemletea maradhi. Grace alipomweleza msimamizi wake, aliambiwa asiwe na hofu. Aliendelea na kazi.

Meno yaanza kung'oka

Mwaka 1920 Grace aliacha kazi kiwandani na kuajiriwa benki mjini Newark. Alikuwa na afya njema, na hakuwa na sababu ya kuyafikiria tena yale ya kiwandani. Miaka miwili baadaye meno yake yalianza kung'oka, na taya likajaa usaha na maumivu. Picha za eksirei zilionyesha mfupa uliooza. Baadaye maumivu yalihamia mgongoni na mguuni.

Wakati Grace akihangaika kutoka kwa daktari mmoja hadi mwingine, wenzake walikuwa wakifa. Mollie Maggia, aliyefanya kazi katika chumba hicho hicho, alifariki Septemba 1922 baada ya taya lake kuoza hadi kutolewa vipande vipande. Cheti cha kifo kiliandikwa kuwa ameuawa na kaswende, na doa hilo likabaki katika jina la marehemu kwa miaka mitano.

Waliokuwa wa kwanza kupaza sauti hawakuwa maofisa wa serikali. Katherine Wiley, wa jumuiya ya watetezi wa walaji ya New Jersey, aliyafuatilia malalamiko ya wasichana na kuwasumbua wakubwa wa idara ya kazi. Aliomba pia msaada wa Dk. Alice Hamilton wa Chuo Kikuu cha Harvard, mtaalamu mkubwa wa sumu za viwandani na mwanamke wa kwanza kuteuliwa kufundisha katika chuo hicho.

Mwaka 1924 kampuni yenyewe ilimwalika Dk. Cecil Drinker, naye wa Harvard, kukichunguza kiwanda. Drinker na wenzake walikuta vumbi la radiamu kila mahali, wafanyakazi waking'aa hadi kwenye nguo za ndani, na damu zao zikiwa na kasoro. Walieleza bayana kuwa radiamu ndiyo chanzo na kuagiza hatua za kinga.

Rais wa kampuni, Arthur Roeder, hakuipenda taarifa hiyo. Idara ya kazi ya jimbo ilipewa muhtasari uliogeuzwa, ukionyesha kwamba wasichana wote walikuwa wazima. Hamilton ndiye aliyegundua kuwa jina la Drinker lilikuwa likitumiwa kuufunika ukweli, naye akaufikisha ujumbe huo kwa familia ya mtaalamu huyo. Licha ya vitisho vya kushitakiwa, Drinker aliyachapisha matokeo yake mwaka 1925.

Mwaka huo huo Dk. Harrison Martland, mchunguzi wa vifo wa wilaya ya Essex, alibuni njia ya kupima mionzi katika mwili wa mtu aliye hai kupitia pumzi anayoitoa. Alithibitisha kuwa radiamu iliyomezwa haitoki yote. Mwili huidhania kuwa ni kalisi, madini yanayojenga mifupa, na kuihifadhi mifupani, ambako hubaki ikitoa mionzi usiku na mchana. Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako, lakini kwa mabinti wa Orange kilichowala kilikuwa ndani zaidi ya nguo.

Mwaka 1925 daktari mmoja alimweleza Grace kuwa maradhi yake huenda yanatokana na kazi yake ya zamani. Ni katika kipindi hicho alipojitokeza Frederick Flinn, mtaalamu wa Chuo Kikuu cha Columbia, aliyeomba kumpima. Baada ya vipimo alimhakikishia kuwa afya yake ilikuwa nzuri, na mwenzake aliyekuwapo akaafiki. Baadaye ilibainika kuwa Flinn hakuwa daktari wa tiba bali alikuwa akilipwa na kampuni, na yule mwenzake alikuwa mmoja wa wakurugenzi wa kampuni hiyo hiyo.

Miaka miwili ya kutafuta wakili

Grace aliamua kushitaki, lakini uamuzi haukutosha. Kwa miaka miwili alibisha hodi katika ofisi za mawakili bila mafanikio. Wengine waliogopa nguvu ya kampuni, wengine walitaka fedha taslimu, na wengi walimweleza kuwa sheria ya New Jersey iliruhusu kufungua shauri ndani ya miaka miwili tu tangu madhara kutokea. Yeye alikuwa ameacha kazi mwaka 1920, kabla hata jino la kwanza halijamtoka.

Mwaka 1927 alimpata Raymond Berry, wakili kijana wa Newark aliyekubali kulibeba jukumu hilo. Mei 18 mwaka huo shauri lilifunguliwa. Waliojiunga na Grace ni Katherine Schaub, Edna Hussman, na Quinta McDonald pamoja na Albina Larice, ambao walikuwa dada zake marehemu Mollie Maggia. Kila mmoja alidai fidia ya dola 250,000.

Hoja ya Berry ilikuwa nzito. Alieleza kuwa muda wa kushitaki hauwezi kuanza kuhesabiwa kabla mtu hajajua kilichomdhuru, hasa pale ambapo mwajiri mwenyewe ameuficha ukweli. Aidha, alidai kuwa radiamu iliyo mifupani inamjeruhi mtu upya kila siku, hivyo jeraha la wanawake hao halikuwa la mwaka 1920 bali la leo na la kesho.

Oktoba 1927 kaburi la Mollie Maggia lilifukuliwa ili kupata ushahidi. Mabaki yake yalipopimwa yalikutwa yamejaa radiamu, na hapakuwa na dalili yoyote ya kaswende. Familia yake ilimsafisha jina, na kampuni ikapoteza moja ya ngao zake kuu.

Walipofika mahakamani kwa mara ya kwanza Januari 1928, hali yao iliwahuzunisha waliohudhuria. Baadhi yao walishindwa hata kuinua mkono ili kula kiapo. Grace alikuwa amefungwa mkanda wa chuma wa kushikilia mgongo, ambao bila huo hakuweza kukaa wima. Taya lake lilikuwa limefanyiwa upasuaji mara nyingi. Hata hivyo, alitoa ushahidi wake kwa utulivu, na alikuwa ameendelea kwenda kazini benki kwa kadiri mwili ulivyomruhusu.

Mwishoni mwa Aprili shauri liliahirishwa hadi Septemba, kwa maelezo kuwa mashahidi wa kampuni wangekuwa mapumzikoni Ulaya. Madaktari walikuwa wamekwisha kueleza kuwa wanawake hao hawana muda mrefu wa kuishi, na hapakuwa na uhakika kwamba wote wangeifikia Septemba.

Hapo ndipo magazeti yalipofanya kazi yake. Walter Lippmann, mhariri wa gazeti la New York World aliyekuwa akiwasiliana na Alice Hamilton, aliandika tahariri kali kulaani ucheleweshaji huo. Habari za wanawake watano wanaosubiri kifo huku mahakama ikisubiri likizo zilienea nchini kote na kuvuka bahari. Marie Curie mwenyewe alitoa maoni kutoka Ufaransa, akieleza masikitiko yake na kwamba hapakuwa na njia ya kuitoa radiamu ikishaingia mwilini. Yeye naye alifariki mwaka 1934 kwa upungufu wa damu unaohusishwa na mionzi aliyoifanyia kazi maisha yake yote.

Suluhu yenye uchungu

Kelele za umma ziliilazimisha mahakama kusogeza tarehe mbele. Kabla shauri halijasikilizwa tena, jaji wa mahakama ya shirikisho, William Clark, alijitolea kusuluhisha. Berry hakuwa na amani, kwani alipata habari kuwa jaji huyo alikuwa na hisa katika kampuni hiyo, au aliwahi kuwa nazo. Lakini wateja wake walikuwa wakidhoofika, wakiwa na madeni ya hospitali, na hawakujua kama wangeishi hadi hukumu.

Juni 1928 walikubali. Kila mmoja alipata dola 10,000 taslimu, pensheni ya dola 600 kwa mwaka na kugharimiwa matibabu. Kampuni haikukiri kosa lolote. Kwa waliodai dola 250,000 kila mmoja, kiasi hicho kilikuwa kidogo, na kwa kuwa shauri liliishia nje ya mahakama, swali la ukomo wa muda halikupatiwa jibu la kisheria ambalo wengine wangelitumia.

Novemba mwaka huo huo, Dk. von Sochocky, aliyemtahadharisha Grace miaka mingi nyuma, alifariki dunia. Radiamu aliyoibunia matumizi ndiyo iliyomuua.

Grace alitumia miaka yake iliyobaki akiingia na kutoka hospitali. Quinta McDonald alifariki mwaka 1929, na Katherine Schaub mapema mwaka 1933. Oktoba 27 mwaka huo, Grace naye alifariki kwa saratani ya mfupa iliyotokana na radiamu. Edna Hussman alifuata mwaka 1939 na Albina Larice mwaka 1946.

Walioufuata mfano

Mapambano hayakuzikwa pamoja naye. Katika mji wa Ottawa, jimbo la Illinois, kampuni ya Radium Dial ilikuwa ikiwatumia wasichana kwa namna ile ile. Baada ya habari za New Jersey kusambaa mwaka 1928, kampuni hiyo ilichapisha tangazo gazetini kuwahakikishia kuwa wako salama. Catherine Wolfe Donohue, mmoja wa wachora saa wa huko, alitoa ushahidi mwaka 1938 akiwa kitandani nyumbani kwake, kwa sababu hakuweza tena kubebwa hadi barazani. Tume ya viwanda ya jimbo hilo ilimpa ushindi. Alifariki Julai mwaka huo, wakati kampuni ikiendelea kukata rufaa, na mwaka 1939 Mahakama Kuu ya Marekani ilikataa kulisikiliza ombi lake la mwisho.

Faida nyingine ilionekana katika sayansi. Mwaka 1941 wataalamu waliweka kiwango cha juu cha radiamu kinachovumilika mwilini, wakitegemea vipimo vya wachora saa. Wakati wa Vita Kuu ya Pili, Glenn Seaborg, mmoja wa wanasayansi waliotengeneza bomu la atomiki, aliwakumbuka wasichana wale na kusisitiza kinga kwa waliofanya kazi na plutoni. Kuanzia miaka ya 1960, maabara ya Argonne karibu na Chicago iliwafuatilia wachora saa waliokuwa bado hai, ili kujua mionzi hufanya nini ndani ya mwili wa binadamu kwa miongo mingi.

Ardhi ya Orange nayo ilikumbuka. Mabaki ya madini kutoka kiwandani yalikuwa yametupwa na udongo wake kutumika katika viwanja vya makazi, na mwaka 1983 serikali ya Marekani iliyaingiza maeneo hayo katika orodha ya yale yanayopaswa kusafishwa kwa dharura. Mwaka 2011 sanamu ya shaba ya mchora saa akiwa ameshika burashi na ua ilizinduliwa mjini Ottawa.

Grace Fryer hakuiona hukumu aliyoitaka. Alichokifanya ni kukataa kunyamaza katika wakati ambapo daktari wa kulipwa alimwambia ni mzima, wakili alimwambia amechelewa na sheria ilimwambia muda wake umepita. Radiamu hupungua nusu kila baada ya miaka 1,600, na hivyo ile iliyomo katika mifupa yake kaburini bado inatoa mionzi, ikiwa ushahidi ambao hakuna kampuni iliyoweza kuuhariri.